Kalamu Inayotangulia Picha: Mari Okada na Uandishi wa Anime

Filamu za uhuishaji za Kijapani, ambazo ulimwengu umezoea kuziita anime, husifiwa kwa macho kuliko kwa masikio. Mtazamaji huzungumzia rangi, mapambano na sura za wahusika, humtaja mwongozaji, na mara nyingi hulifahamu hata jina la mchoraji wa kitabu cha katuni ambacho filamu imetokana nacho, lakini ni nadra kumtaja aliyeandika matukio na mazungumzo kabla mstari wa kwanza haujachorwa. Na bado kazi yote ya wachoraji, watia rangi, watunzi wa muziki na waigizaji wa sauti huanzia kwenye karatasi za mtu huyo, na dosari inayopenya hapo bila kuonekana huwa ghali mno kuirekebisha baadaye, kwa kuwa katika uhuishaji mhariri hana akiba ya picha za ziada za kuchagua kama ilivyo katika filamu za waigizaji; kila sekunde inayoonekana imechorwa kwa makusudi na imelipiwa.

Kazi hiyo ya kuandika miswada ya anime inafahamika vizuri zaidi ikitazamwa kupitia mtu aliyeishi ngazi zake zote. Mari Okada, aliyezaliwa mwaka 1976 katika mji wa Chichibu, mkoa wa Saitama, alianza akiwa mwandishi asiyejulikana wa kazi ndogondogo, akawa msanifu wa mifululizo mikubwa ya televisheni, kisha akavuka mpaka ambao waandishi wachache wa fani hiyo wameuvuka, akaongoza filamu zake mwenyewe. Lakini kabla ya kumfuata Okada, inafaa kwanza kueleza mazingira aliyoyakuta, maana hayakutengenezwa kwa ajili ya waandishi.

Tarehe 1 Januari 1963 kituo cha Fuji kilianza kurusha Tetsuwan Atom, hadithi ya mvulana wa roboti iliyobuniwa na Osamu Tezuka na kutengenezwa na studio yake, Mushi Production, kwa mpango wa kipindi kimoja cha nusu saa kila wiki. Mpango huo ulikuwa wa kijasiri, kama si wa kizembe, kwa sababu studio haikuwa na fedha wala watu wa kuchora kwa wingi uliohitajika. Njia iliyopatikana ilikuwa kupunguza michoro: picha moja ilisimama huku kamera ikiipitia taratibu, mdomo ulitikisika peke yake katika uso usiosogea, na vipande vilivyokwisha kuchorwa vilihifadhiwa ili vitumike tena. Upungufu huo wa mwendo ulihamishia mzigo kwenye hadithi, kwa kuwa mtoto aliyekuwa akitazama picha isiyosogea ilibidi ashikwe na hamu ya kujua litakalofuata. Aidha, katuni za Tezuka zilizokwisha kuchapishwa hazikutosha kulisha kipindi cha kila wiki, hivyo wakatafutwa waandishi wa kubuni visa vipya. Mmoja wao alikuwa Masaki Tsuji, aliyezaliwa mwaka 1932, mtu aliyetokea shirika la utangazaji la NHK na ambaye baadaye alijulikana pia kwa riwaya za upelelezi. Tsuji aliandikia vilevile Sazae-san, kipindi cha maisha ya familia kilichoanza tarehe 5 Oktoba 1969 na ambacho bado huonyeshwa kila Jumapili, kikiwa na visa vifupi vitatu katika kila nusu saa.

Urithi wa uhaba huo haujatoweka. Katika studio za Kijapani watu husema kwamba tukio fulani lina "kalori nyingi," wakimaanisha kwamba litawagharimu wachoraji jasho jingi: farasi wanaokimbia, umati sokoni, vidole vinavyopiga gitaa, watu wanaokula kwa vijiti, kitambaa kinachopeperuka. Mwandishi aliyekomaa huyapima mambo hayo kabla hajaandika, na akihitaji vita katika kipindi cha tisa huenda akapanga kipindi cha nane kiwe cha watu wawili wanaozungumza chumbani. Mtazamaji huona utulivu kabla ya dhoruba na kuusifu kama ufundi wa hadithi, jambo ambalo ni kweli, ila utulivu huo pia ni bajeti.

Mwaka wa televisheni ya Japani umegawanywa katika robo nne, zinazoanza Januari, Aprili, Julai na Oktoba, na kila robo huchukua vipindi kumi na viwili au kumi na vitatu. Baada ya kuondoa wimbo wa kufungulia, wimbo wa kufungia na matangazo ya biashara, nusu saa hubakiwa na dakika ishirini na kitu za hadithi yenyewe. Anayewajibika na mpango mzima wa robo hiyo, au wa robo mbili, huitwa kwa Kijapani shirizu kosei, cheo ambacho kwa Kiswahili kinaweza kuelezwa kuwa ni msanifu wa mfululizo. Yeye ndiye anayeamua siri ifichuliwe katika kipindi cha ngapi, mhusika yupi aachwe nyuma kwa wiki tatu ili kurudi kwake kuwe na uzito, na kipindi cha kwanza kifungwe wapi ili mtazamaji arudi wiki inayofuata. Katika mifululizo mirefu huwagawia waandishi wengine baadhi ya vipindi, kisha husawazisha lugha yao ili mhusika yuleyule asizungumze kama watu wawili tofauti. Katika mifupi huenda akaiandika yote mwenyewe.

Mswada wenyewe una sehemu tatu tu. Kuna kichwa cha onyesho, kinachotaja mahali na wakati. Kuna maelezo ya vitendo, yanayoandikwa kwa sentensi fupi zisizo na mapambo. Na kuna mazungumzo. Kwa desturi waandishi wa Kijapani huhesabu kwamba ukurasa mmoja wa miraba yenye herufi 400 ni sawa na dakika moja ya picha, kipimo ambacho si sheria lakini kinamwezesha mtu kujua mapema kwamba amezidisha. Maelezo ya kishairi kuhusu machweo hayana nafasi kubwa humo, kwa sababu machweo hayo yatachorwa na mtu mwingine kwa namna yake. Mwandishi anaweza tu kusema kwamba jua linatua na kwamba msichana hageuki nyuma.

Mahali ambapo kazi hii hujengwa au hubomoka ni chumba cha mikutano. Rasimu ya kwanza ikikamilika hupelekwa kwenye kikao kinachoitwa honyomi, yaani kikao cha kusoma mswada, ambacho mara nyingi hufanyika kila wiki kwa miezi kadhaa. Humo hukaa mwongozaji, watayarishaji, waandishi wenzake, na wawakilishi wa kampuni zilizochangia fedha, kwa kuwa anime nyingi hugharamiwa na kamati ya uzalishaji, yaani ushirika wa kampuni kadhaa kama vile mchapishaji wa vitabu, kampuni ya muziki, mtengenezaji wa vitu vya kuchezea na kituo cha televisheni, zinazogawana hasara na faida. Ikiwa hadithi imetokana na kitabu, mhariri wa mwandishi wa kitabu hicho naye huwapo, au mwandishi mwenyewe. Kila mmoja hutoa maoni, na si lazima maoni hayo yapatane: mmoja anataka mhusika fulani aonekane mapema kwa sababu sanamu zake zitauzwa, mwingine anaona onyesho la katikati linachosha, wa tatu anakumbusha kwamba katika juzuu ya tano ya kitabu imesemwa kinyume. Mwandishi hurudi nyumbani, huandika rasimu ya pili, kisha ya tatu, na huendelea hivyo mpaka upatikane mswada wa mwisho. Kipaji kinachohitajika hapa hakifundishwi sana madarasani, nacho ni kulitambua tatizo lililojificha nyuma ya maoni yaliyotolewa vibaya, na kulitatua kwa njia ambayo huenda hakuna aliyekuwapo kikaoni aliyeipendekeza.

Mswada wa mwisho nao si wa mwisho kwa maana ya kawaida. Mwongozaji, au msanii anayeteuliwa naye, huugeuza kuwa ekonte, yaani kurasa za michoro midogo ya mfuatano inayoonyesha kila picha, muda wake kwa sekunde, na maneno yatakayosemwa. Katika hatua hiyo maonyesho hufupishwa, sentensi hukatwa, na wakati mwingine ukurasa mzima wa mazungumzo hugeuka kuwa mtazamo mmoja wa macho. Baadaye waigizaji wa sauti hurekodi huku wakitazama picha, nao hubadili tamko hapa na pale. Kazi inaposafiri nje ya Japani, maneno huwa ndiyo ya kwanza kuachwa bandarini: watazamaji wa Oman na Ghuba walimpenda mchezaji wa kandanda wa Captain Tsubasa, anime ya mwaka 1983, kwa jina la Kapteni Majid na kwa maneno ya Kiarabu, bila kuhitaji kujua kwamba alizaliwa Tsubasa Ozora. Kinachosalimika katika safari yote hiyo ni mpangilio, yaani nani alijua nini na lini, jambo gani lilitangulia lipi, na kwa nini goli lililofungwa dakika ya mwisho linaliza. Kwa hiyo anayemhukumu mwandishi wa anime kwa uzuri wa sentensi zake anampima kwa kitu ambacho huenda kilikwisha kubadilishwa mara nne.

Wapo waongozaji wasiomhitaji mwandishi. Hayao Miyazaki amezoea kuanza moja kwa moja na michoro ya mfuatano, na Spirited Away ya mwaka 2001 iliingia katika uzalishaji kabla mwisho wa hadithi yake haujaamuliwa. Lakini Miyazaki ni mchoraji wa hali ya juu aliyekuwa na studio iliyokubali kumsubiri, na mfano wake hauwezi kugeuzwa kuwa kanuni ya kituo cha televisheni kinachotaka vipindi kumi na viwili kufikia Aprili.

Sehemu kubwa ya anime za leo hutokana na vitabu vya katuni au riwaya fupi za vijana, na hapo mwandishi huwa mtu wa kati anayetumikia maandishi ya mwingine. Ugumu wa nafasi hiyo ulionekana wazi katika Fullmetal Alchemist. Mwaka 2003 hadithi hiyo ilipoanza kurushwa, kitabu cha katuni cha Hiromu Arakawa kilikuwa bado mbali na mwisho wake, hivyo msanifu wa mfululizo, Sho Aikawa, kwa ridhaa ya Arakawa, aliandika njia yake mwenyewe na mwisho wake mwenyewe katika vipindi 51. Mwaka 2009 hadithi ileile ilirudiwa upya katika vipindi 64, safari hii ikikifuata kitabu, na mashabiki hadi leo hawajakubaliana ni ipi bora. Tofauti na uamuzi huo, mfululizo wa Naruto, ulioanza mwaka 2002, ulipokikaribia kitabu ulijazwa visa vya pembeni visivyokuwamo kitabuni, ambavyo vilichukua karibu vipindi vyake vyote kuanzia cha 136 hadi cha 220. Njia ya Aikawa ilikuwa ya hatari zaidi, lakini ilikuwa ya kiuandishi. Ile ya Naruto ilikuwa ya kusubiri tu.

Kupunguza nako ni uandishi. Reiko Yoshida, mmoja wa waandishi wanaoheshimiwa zaidi katika fani hii, alipewa juzuu saba za A Silent Voice, katuni ya Yoshitoki Oima kuhusu kijana aliyemdhulumu shuleni msichana kiziwi na ambaye baadaye anatafuta msamaha, ili azigeuze kuwa filamu moja ya takriban saa mbili na dakika kumi, iliyotoka mwaka 2016 chini ya uongozaji wa Naoko Yamada. Katika kitabu, vijana hao wanatengeneza filamu yao wenyewe, na sehemu hiyo inachukua kurasa nyingi. Yoshida na Yamada waliiondoa karibu yote. Mtu asiyesoma kitabu hawezi kuona pengo, na hilo ndilo jambo la kuvutia, kwa sababu kuondoa uzi mmoja mrefu bila nguo nzima kufumuka kunadai kuujua kila uzi mwingine umefungwa wapi.

Mari Okada aliingia katika ulimwengu huu bila cheti chochote cha kujivunia. Katika kitabu cha maisha yake alichokichapisha mwaka 2017, ameeleza jinsi alivyoacha kuhudhuria shule akiwa mtoto kwa sababu ya kuonewa na wenzake, akaishi miaka mingi ya ujana wake ndani ya nyumba pamoja na mama yake, ambaye uhusiano naye ulikuwa mgumu, katika mji wa Chichibu uliozungukwa na milima. Kuacha shule kwa namna hiyo kunafahamika sana Japani, na serikali huhesabu wanafunzi wa kundi hilo kila mwaka, lakini kwa familia ndani ya mji mdogo hubaki kuwa aibu inayofichwa. Okada hatimaye alihamia Tokyo kusomea utengenezaji wa michezo ya video katika chuo cha ufundi, akaanza kujitafutia riziki kwa kuandikia filamu za bei nafuu zinazouzwa kwa kanda bila kupita kwenye majumba ya sinema, na mwaka 1998 jina lake likaonekana katika anime kwa mara ya kwanza, katika mfululizo wa DT Eightron.

Miaka kumi iliyofuata ilikuwa hasa ya kuandika kipindi kimoja kimoja chini ya wasanifu wengine, na ndiyo shule halisi ya kazi hii, kwa kuwa mwandishi wa kipindi kimoja hujifunza kuiga sauti ya mwingine kabla hajaruhusiwa kuwa na yake. Mwaka 2008 mambo yalibadilika kwa haraka. Okada alikuwa msanifu wa True Tears, mfululizo wa studio ya P.A. Works yenye makao yake katika mkoa wa Toyama, mbali na Tokyo, na mwaka huohuo akasanifu Toradora!, uliotokana na riwaya za Yuyuko Takemiya na kuongozwa na Tatsuyuki Nagai. Riwaya ya mwisho ya Toradora! ilitoka Machi 2009, mwezi uleule kipindi cha mwisho kiliporushwa, maana yake ni kwamba Okada aliandika mwisho wa hadithi wakati mwenye hadithi naye akiwa bado anaumalizia. Humo pia ulianza ushirikiano wa watu watatu, Okada, Nagai na mchoraji wa wahusika Masayoshi Tanaka, ambao ungezaa kazi zake zinazojulikana zaidi.

Mwaka 2011 jina lake lilikuwa katika angalau mifululizo mitano, miongoni mwake Wandering Son na Gosick, kiasi ambacho mtu huweza kujiuliza kama alikuwa akilala. Miwili inastahili kuzingatiwa. Hanasaku Iroha, wa P.A. Works, unamfuata msichana wa miaka kumi na sita, Ohana, anayepelekwa na mama yake kwa bibi yake mkali anayemiliki nyumba ya wageni kwenye chemchemi za maji moto, na anayelazimika kufanya kazi humo kama mhudumu. Hadithi ni ya wanawake wa vizazi vitatu wasioweza kuambiana wanachokihisi isipokuwa kwa kugombana kuhusu kazi. Mandhari yake yalichukuliwa kutoka Yuwaku, kitongoji cha chemchemi katika jiji la Kanazawa, na ndani ya hadithi iliwekwa sherehe ya taa za karatasi ambayo haikuwapo. Wenyeji wa Yuwaku waliipenda, wakaianzisha kweli Oktoba mwaka huohuo, na imekuwa ikifanyika kwao tangu wakati huo.

Wa pili ni ule unaojulikana kwa kifupi kama Anohana, wenye vipindi 11 tu. Jinta, kijana aliyeacha kwenda shule, anaanza kumwona Menma, rafiki wa utotoni aliyekufa miaka mingi nyuma, naye anamwomba amtimizie ombi ambalo yeye mwenyewe halikumbuki. Ili kulijua ombi hilo, Jinta hana budi kuwakusanya tena marafiki wengine wanne ambao kifo kile kiliwatawanya. Usanifu wake ni wa kufundishia: kila mmoja wa marafiki hao amejificha akiamini kwamba yeye peke yake ndiye mwenye hatia ya siku ile, na kila kipindi humfungua mmoja wao, hivyo kifo kimoja kinasimuliwa upya mara kadhaa na kila mara kinazidi kuwa kizito bila tukio jipya kuongezwa. Mandhari ni Chichibu yenyewe, na fataki ya roketi ambayo marafiki hao wanaitengeneza inatokana na roketi zinazorushwa na wanavijiji wa eneo hilo katika sherehe ya kila Oktoba. Mji ambao Okada, akiwa msichana, alijifungia ndani asionekane ukaanza kupokea mashabiki wenye ramani mkononi, wakitafuta daraja walikokaa wahusika.

Wapo wanaomlaumu Okada kwa kuwafanya wahusika wake walie na kupiga kelele mno, na lawama hiyo ina msingi. Katika kipindi cha mwisho cha Anohana vijana watano hulia kwa muda mrefu kiasi cha kumfanya mtazamaji mwenye moyo mgumu kidogo aangalie saa. Mwaka 2016 aliandika Mayoiga, mfululizo unaoanza na vijana thelathini ndani ya basi moja wakielekea kijiji kisicho kwenye ramani, na wingi huo ulimshinda, kwa kuwa vipindi 12 havitoshi kumfanya mtazamaji ayajue majina yao, seuze majeraha yao. Lakini udhaifu huo umeshikamana na nguvu yake, yaani imani kwamba watu hawasemi wanachokitaka mpaka wasukumwe hadi ukingoni. Filamu ya mwaka 2015, inayoitwa kwa kifupi Kokosake, inalichukua jambo hilo waziwazi: msichana aliyepoteza uwezo wa kusema baada ya neno lake la kitoto kuivunja ndoa ya wazazi wake hugundua kwamba anaweza kuimba. Filamu hiyo iliingiza zaidi ya yeni bilioni moja katika majumba ya sinema ya Japani, kiasi kikubwa kwa hadithi isiyotokana na kitabu chochote maarufu. Mwaka huohuo Okada alianza kuandika mfululizo wa Gundam kuhusu watoto askari wa sayari ya Mirihi, uitwao Iron-Blooded Orphans, ulioendelea kwa vipindi 50 hadi mwaka 2017, akathibitisha kwamba haandiki machozi ya wanafunzi peke yake.

Kuhusu malipo, mwandishi wa anime kwa kawaida si mwajiriwa. Ni mtu wa mkataba anayelipwa kwa kila mswada, na rasimu saba hulipwa sawa na rasimu tatu. Sheria hata hivyo inampa kitu ambacho wachoraji hawana. Sheria ya Hakimiliki ya Japani ya mwaka 1970 huihesabu filamu kuwa mali ya mzalishaji wake, na mwongozaji aliyekubali kushiriki humwachia mzalishaji hakimiliki ya uchumi, lakini mswada huchukuliwa kuwa kazi ya pekee iliyotangulia filamu, sawa na riwaya. Kwa hiyo filamu inaporushwa tena au kuuzwa kwa diski, mwandishi anaweza kudai mrabaha, yaani sehemu ya mapato ya matumizi ya baadaye, na chama cha waandishi wa miswada cha Japani huwakusanyia wanachama wake fedha hizo. Mchoraji aliyechora machozi ya Menma alilipwa mara moja. Tofauti hiyo inaonekana si ya haki kwa mtu anayejua ni nani aliyekesha zaidi, na ndiyo sababu mojawapo ya hali mbaya ya wachoraji kuzungumzwa sana Japani huku ile ya waandishi ikizungumzwa kidogo.

Njia za kuingilia ni nyingi na hakuna iliyo rasmi. Zipo shule za uandishi wa miswada, kama Scenario Center ya Tokyo iliyoanzishwa mwaka 1970. Wapo wanaoanza wakiwa makarani wa studio wanaoandika kumbukumbu za vikao vya honyomi, na ambao siku moja huombwa wajaribu kipindi kimoja. Na wapo wanaohamia kutoka fani nyingine. Keiko Nobumoto, aliyesomea uuguzi kwao Asahikawa katika kisiwa cha Hokkaido, alikuja kuwa msanifu wa Cowboy Bebop ya mwaka 1998, na aliandika Tokyo Godfathers pamoja na mwongozaji Satoshi Kon. Alifariki Desemba 2021. Gen Urobuchi alitokea kwenye michezo ya video yenye hadithi za kusomwa, akaandika vipindi vyote 12 vya Puella Magi Madoka Magica mwaka 2011. Inafaa kutambuliwa pia kwamba Nobumoto, Yoshida na Okada ni wanawake, katika fani ambayo viti vya uongozaji vilishikwa na wanaume kwa miongo mingi. Meza ya uandishi iliwafungukia mapema, labda kwa sababu haikudai kupanda ngazi ya uchoraji iliyodhibitiwa na wakubwa wa studio.

Ngazi hiyo ndiyo iliyofanya hatua ya Okada ya mwaka 2018 ionekane ya ajabu. Mwongozaji wa anime hutarajiwa kuwa mtu wa picha, anayeweza kuchora ekonte au kumwonyesha mchoraji kwa penseli kile anachokitaka. Kenji Horikawa, aliyekuwa mkuu wa P.A. Works wakati huo, alimtia moyo Okada, asiye mchoraji, aongoze filamu ambayo itakuwa yake kwa ukamilifu, na studio ikamzungushia wachoraji wazoefu, miongoni mwao Toshiyuki Inoue, mmoja wa mafundi wanaoheshimiwa zaidi nchini humo. Filamu iliyopatikana, inayojulikana nje ya Japani kama Maquia, ilitoka Februari 2018 na kushinda tuzo ya filamu bora ya uhuishaji katika tamasha la kimataifa la Shanghai. Maquia ni msichana wa ukoo usiozeeka ambaye anamwokota mtoto mchanga wa binadamu wa kawaida na kumlea. Mtoto anakua, anamfikia kimo, anaona haya kuitwa mwanawe, anaoa, anazeeka, huku mama akibaki na sura ileile ya miaka kumi na mitano. Hapa uzoefu wa miaka ishirini ya kupanga vipindi unaonekana wazi, kwani filamu inaruka miaka bila kutangaza, na mtazamaji huutambua muda uliopita kwa urefu wa mtoto tu.

Septemba 2023 Okada alitoa filamu ya pili aliyoiandika na kuiongoza, Maboroshi, safari hii na studio ya MAPPA, kuhusu mji wa kiwanda cha chuma ambao baada ya mlipuko umefungiwa nje ya wakati na wakazi wake wakakatazwa kubadilika. Mwaka uliofuata hakuendelea na kiti cha uongozaji. Alirudi kwenye meza ya uandishi, akaandika Fureru kwa ajili ya Nagai na Tanaka, filamu iliyotoka Oktoba 2024, na humo wote watatu waliiacha milima ya Chichibu, wakahamishia hadithi yao mtaa wa Takadanobaba jijini Tokyo, kwa vijana watatu waliotoka kisiwani na wanaojaribu kuishi nyumba moja.